Kwa Mama, Aliyezipaka Mafuta Karata Zangu

Mama yangu, mama wa Furaha na Dieumerci,

Nakuandikia nikiwa nimekaa kwenye kitanda chako hapa Ggaba, begi langu likiwa wazi sakafuni. Kesho nasafiri kwenda Johannesburg kucheza karata. Ni safari yangu ya kwanza tangu tukuzike, na tangu asubuhi nakunja shati lile lile na kulikunjua. Dada Furaha amepiga simu kuuliza kama nimemaliza kufunga mizigo, nikamwambia nimemaliza. Unajua nilivyo hodari wa kudanganya. Amekata simu akicheka.

Kabla ya karata zangu ulizijua zile za mjini, za wanaume wanaokaa mbele ya maduka wakipigiana kelele mpaka siku inaisha na chakula cha watoto hakijanunuliwa. Kwa hiyo nilipomaliza sekondari na kuja nyumbani na pakiti yangu ya kwanza, hukutaka hata kusikiliza. Nilikueleza kwamba hizi ni nyingine: kila mchezaji anajitengenezea fungu lake kwa karata alizonunua au kubadilishana na wenzake, kila karata ina mnyama au mchawi au silaha yenye nguvu zake, na wachezaji wawili wanakaa uso kwa uso, kila mmoja akijaribu kummaliza mwenzake. Nikakuambia kuna watu duniani wanaishi kwa mchezo huu. Katika maelezo yote hayo ulisikia neno moja tu, mchawi. Ukaziokota mbili tatu kwa ncha za vidole, kama mtu anayetoa mende kwenye sukari.

"Dieumerci, bintu gani bya Mungu biko na mapembe?"

"Ng'ombe, mama."

Ulinirushia kitenge ulichokuwa unakunja. Ulicheka pia, usikatae, nilikuona ukigeuza uso ukutani. Lakini kicheko hakikubadilisha kitu, na jioni ile ulikula bila kusema nami.

Sikukulaumu hata wakati ule. Ulitoka Bukavu na watoto wawili na furushi la vitenge, na hapa Kampala ukawa unavitembeza ofisi kwa ofisi, vimepangwa begani, jua likiwaka na mvua ikinyesha. Kwako kazi ilikuwa kitu kinachoacha alama begani. Mimi nilikuwa nakaa kwenye kiti, kivulini, nashika picha. "Kazi mbaya si mchezo mwema," ulikuwa unaniambia kila nikitoka, na mimi nilikuwa najibu kwamba mchezo wangu si mwema kiasi hicho. Mzaha ulinisaidia kutoka mlangoni, basi. Ndani yangu nilitaka kitu kimoja, na nilikitaka kuliko ushindi wowote: siku moja uite jambo hili kazi.

Tulikuwa tunacheza Wandegeya, ghorofani, juu ya duka la kutolea kopi. Harufu ya wino ilikuwa inapanda ngazi pamoja nasi. Mwanzoni hatukuwa na uwezo wa kununua karata zenyewe, kwa hiyo tulikuwa tunatoa kopi za picha zake pale chini, tunazikata kwa mkasi na kuzitumbukiza kwenye vifuko vya plastiki. Nilijifunza kwa kopi hizo. Nilijifunza kumtazama mtu mikononi badala ya usoni, kwa sababu uso hudanganya lakini mtu mwenye karata nzuri huishika tofauti. Nilijifunza kushindwa vizuri, ambalo ni somo gumu. Baadaye nikaanza kupata karata za kweli, moja moja, nikaanza kushinda, kisha watu wakaanza kunilipa niwafundishe. Nilikuwa nakuletea sukari na sabuni na sambaza, wale dagaa wakavu, nawe ulikuwa unavipokea kwa mikono miwili kama ulivyotufundisha, unashukuru, halafu Jumatano unaenda kanisani kufunga na wamama wenzako ili Mungu anitoe kwenye karata. Sombe, majani yetu ya muhogo, uliyapika kwa sambaza wangu, ukanifungia njaa kwa tumbo hilo hilo!

Halafu ikaja siku ya mashindano makubwa ya pale Wandegeya. Mshindi angepelekwa Nairobi kucheza na watu wa nchi nyingine, na kwa mara ya kwanza nilikuwa na fungu la kutosha kumtisha mtu yeyote. Niliamka mapema, nikapiga viatu rangi, nikaenda kuoga. Niliporudi chumbani ulikuwa umekaa pale pale ulipokuwa, unapanga vitenge. Uliniambia tu, "Uende muzuri." Nilishangaa, maana kwa kawaida ungenipa mistari miwili ya Biblia ya kunirudisha ndani.

Mchezo wa kwanza nilishinda. Katikati ya wa pili, mwenzangu aliinua mkono akamwita mwamuzi. Mwamuzi alikuwa Kato, unamkumbuka, yule kijana mrefu wa Kyambogo mwenye sauti ya chini. Kato alichukua fungu langu, akalipeleka dirishani, akaligeuza mgongo juu. Vifuko vyetu ni vyeusi kwa nyuma, vyote sawa, ili mtu asijue karata gani inakuja. Vyangu saba vilikuwa vinang'aa. Juu ya kila kimoja kulikuwa na msalaba mdogo wa mafuta.

Akazifunua moja baada ya nyingine mbele ya watu. Joka. Shetani wa moto. Mfalme mwenye pembe tatu. Zote zilikuwa karata zangu kubwa, zile ambazo mwizi angependa kujua zimekaa wapi kwenye fungu. Ya saba tu ilikuwa bundi, karata dhaifu ambayo nimeiweka kujaza nafasi, lakini nani angemwangalia bundi wakati ule? Kwetu sisi wachezaji mtu anayeweka alama kwenye karata ni mbaya kuliko mwizi wa kuku. Mwizi wa kuku ana njaa. Kato aliniondoa kwenye mashindano, akaniambia kwa upole kwamba jina langu litapelekwa kwa wakubwa wa mchezo, na huenda nisiruhusiwe kucheza tena popote.

Nilinusa vidole vyangu njiani. Nilikuwa nimeifahamu harufu ile tangu utotoni, tangu ulipokuwa unanipaka mafuta yako ya maombi kwenye paji la uso nikiwa na homa.

Niliporudi uliuliza kwa nini nimewahi. Nikasema wamenitoa. Ukauliza sababu. Nikasema, "Walikuta mafuta kwenye karata, mama." Uliweka kitenge chini. Nilijua kwamba ukilia nami nitalia. Kulipokucha ulivaa kitenge chako cha Jumapili, kile cha bluu chenye ndege, ukafunga kilemba, ukasimama mlangoni.

"Tuende ku ule mwamuzi."

Ulipanda zile ngazi za Wandegeya ukishika ukuta, magoti yalikuwa yameshaanza kukuuma. Ghorofani kulikuwa na Kato na wachezaji kadhaa wakifanya mazoezi. Wakasimama wote, maana mama ni mama. Kato akakupa kiti, ukakataa kukaa.

"Nnyabo," alisema, akikuita mama kwa Kiganda kabla ya kutafuta Kiswahili chake, "ni wewe naliweka mafuta kwa kalata?"

"Ni miye. Mutoto hakujua. Alikuwa anaoga."

Kato alikuwa mtu wa haki lakini hakuwa mjinga. Mama yeyote angesema hivyo kumwokoa mwanawe. Akalichukua fungu langu, akalitandaza mezani picha zikiwa juu, mgongo usionekane, akakuambia, "Onyesha mimi. Gani naliweka mafuta?"

Uliinama. Niliona mkono wako juu ya meza ile, mkono uliobeba vitenge miaka yote hiyo. Ukagusa joka. Ukagusa shetani wa moto. Ukamgusa mfalme wa pembe tatu, ukajifuta kidole kwenye nguo. Hukujua ipi ina nguvu na ipi haina, ulichagua kwa meno na macho na mapembe tu. Ulipofika kwa bundi ulisita, kisha ukamgusa pia, kwa haraka.

"Uyu njo mubaya kuliko bote," ukasema. "Uyu akilia juu ya nyumba, muntu anakufa."

Kato alikaa chini. Akamchukua bundi, akamtazama mbele na nyuma, akawaonyesha wengine. "Mwizi gani naweza weka alama kwa bundi?" akauliza. "Hii kalata hapana kazi yake." Mmoja akaanza kucheka, kisha wote.

Wewe hukucheka. Kato akakuuliza, kwa heshima, kama ulikuwa unaomba niache mchezo. Nilitazama sakafu. Nilijua jibu, nilikuwa nimeishi nalo. Nawe ukasema bila kunitazama:

"Nilikuwa nafunga juu aache, ni kweli. Lakini ile asubui nilimuona anapangusa biatu, kama muntu anaenda ku kazi. Nikasema, Mungu, kama lazima acheze, basi ashinde. Nikapaka bile bya kuogopesha ili bisimuzuru. Niliogopa kubiangalia sura, njo maana nilibigeuza."

Mama, nimeshinda michezo mingi baada ya siku ile. Nimecheza Nairobi, nimecheza Kigali, watu wasionijua wameniomba nisaini karata zao. Hakuna siku nimekuwa na furaha kama ile niliyosimama pale nikiwa nimeshatolewa mashindanoni. Na hata hivyo ushahidi wako haukunirudisha mashindanoni. Sheria ni sheria, mafuta ni alama hata yakiwa ya Mungu, na aliyekwenda Nairobi mwaka ule alikuwa mwingine. Kato alisema kushindwa kwangu kunabaki, ila jina langu ni safi. Ulitoka pale umekasirika kwamba hawakunirudisha, ukasema hao si Wakristo, na pale chini nilikununulia soda, ukanywa yote ukiwa bado unalalamika.

Baada ya hapo tulifanya makubaliano. Karata huzigusi, kichwa changu unakigusa unavyotaka. Kila safari nilikuwa napiga magoti hapa, mbele ya kitanda hiki, unaniwekea mikono yote miwili na kuanza. Ulikuwa unaanza mbali! Unamshukuru Mungu kwa ziwa la Kivu, kwa baba aliyebaki huko, kwa mpaka tuliovuka salama, kwa wateja wa Wandegeya, na wakati unafika kwenye karata magoti yangu yamekufa ganzi na gari linaniacha. Nilikuwa nalalamika. Ulikuwa unanibonyeza kichwa chini na kuendelea. Mchezo wenyewe hukutaka kuujifunza hata siku moja. Nikishinda ulisema Mungu ni mwema, nikishindwa ulisema waliniibia, na wateja wako maofisini walinijua kwa jina kabla hawajaniona.

Sasa nyumba imetulia kupita kiasi. Vitenge vilivyobaki Furaha amevigawa kwa wamama wa kanisani, mimi nimebaki na kile cha bluu na sijakifua. Nakukosa, mama. Nakukosa kwa namna isiyo na adabu, katikati ya mchezo, mwenzangu anasubiri nicheze na mimi nimeduwaa. Watu wanasema nimeiva, kwamba mwaka huu ni wangu. Huenda. Karata zangu ni nzuri na mikono yangu haitetemeki.

Lakini gari la uwanja wa ndege linakuja alfajiri, na hapa nilipo nimeshapiga magoti mara mbili na kuinuka. Ninayajua maneno yako yote. Kazi yangu siku zote ilikuwa kuitikia amina. Sijawahi kuanza mimi, mama, na sijui wanaanzia wapi.

Pumzika, nami nitajaribu tena kabla gari halijafika.

Mwanao wa mwisho,
Dieumerci