Ubeti Usio na Maneno

Bibi Alma wangu,

Nyumba yako ya mtaa wa Sidab wameipangisha. Dirisha la jikoni wameliziba kwa kiyoyozi, lile ulilokaa chini yake ukitunga huku mimi nikisukuma chapati. Siku zangu za mapumziko napita hapo. Sigongi. Nigonge nimwambie nani nini?

Ijumaa kanisani bado tunasali Kiswahili, ibada ya Wahindi ikishatoka, na wimbo wako tunauimba. Watu wanadhani ni wa kitabuni, wa zamani. Nikisema umetungwa hapahapa Maskati na nesi mstaafu wa Kimarekani, aliyetuma mashairi ya dini kwa wachapaji wa kwao miaka yote nayo yakarudishwa, wanacheka. "Dada Tumaini, huyo bosi wako ulimpenda mno." Hakuna hapa ninayeweza kuzungumza naye habari zako.

Uliniambia walichapa moja tu, kwenye karatasi ya kanisa la kijijini kwenu, wakasahau kuweka jina. Ulicheka hadi ukavua miwani. Mimi nilikuonea uchungu, na leo bado.

"Sukuma, Tumaini, nisikie kama mstari unatembea." Ulitunga Kiingereza, nami nikigeuza Kiswahili; mstari usiokwenda na kifimbo changu cha chapati tuliutupa, hata ukiwa umekugharimu asubuhi nzima. Beti mbili zikakubali. Wa tatu ukasema haujaiva. Kisha ukalazwa, na hukurudi.

Siku ya maziko yako sikuwa na maneno ya ubeti huo ya kuwapa wenzangu, tukauimba midomo imefumbwa, mmm tu. Tangu hapo ni hivyo. Wageni wanadhani ndivyo wimbo ulivyo.

Sasa mwalimu wa kwaya ameuandikia ubeti huo maneno yake. Mazuri, sikufichi. Alipotugawia Ijumaa iliyopita nikasimama nikakataa. Akaniuliza sababu, nikamrudishia karatasi yake. Mama mmoja aliyefika juzi kutoka Mbeya, wala hakujui, akasema, "Mwacheni. Huo ubeti una mwenyewe."

Mwalimu akakusanya karatasi zake. Tukaimba midomo imefumbwa.

Pumzika, Bibi. Mkataba wangu ukiisha nitaupeleka wimbo nyumbani, na ubeti wako hautajazwa na mtu nikiwa hai. Nikuambie tu ninachofanya humo. Wenzangu wakifumba midomo, mimi ndani kwa ndani nalitaja jina lako lote, lako na la baba yako, kwa mwendo wa kifimbo.

Linatembea, Bibi.

Tumaini wako