Kito cha Tatu Nilichomwokotea Mjomba

Mheshimiwa mshauri,

Naandika kukuomba msaada, jambo lisilo jepesi kwa mtu wa tabia yangu, maana nimezoea kuombwa maelezo kuliko kuyaomba. Nilihitimu chuo kikuu mwaka jana, nimesoma vitabu vingi kuliko nilivyoagizwa na walimu wangu, na nyumbani wananiita Msomi, jina lililoanza kama sifa ingawa siku hizi sina hakika.

Ninaishi na mama yangu pamoja na kaka yake, yaani mjomba wangu, kinyozi kwa miaka zaidi ya thelathini, ambaye mapema mwaka huu alipatwa na kiharusi kilichomwachia ulimi mwepesi na akili timamu lakini kikauacha mkono wake wa kulia mzito, vidole vikawa vinapokea amri kwa kuchelewa kama karani aliyechoka na kazi. Mtaalamu wa mazoezi ya viungo alimshauri atafute kitu chochote kitakachomlazimisha kubonyeza kwa wakati wake, nami nikampa mchezo wangu wa video, ambamo chura wa katuni hukimbia mwenyewe huku muziki ukipigwa, na mchezaji hana kazi nyingine ila kubonyeza kitufe ili chura aruke sawasawa na ngoma. Ukichelewa kidogo tu, anatumbukia shimoni na unaanza upya. Katika kila hatua kuna vito vitatu vilivyofichwa. Mjomba alipenda hatua moja ya pangoni, akaing'ang'ania kwa wiki tano, akapata kito cha kwanza nyuma ya maporomoko ya maji na cha pili juu ya vichwa vya popo, lakini cha tatu hakikuonekana popote.

Kuna mahali katika hatua hiyo muziki hukatika kabisa kwa mapigo manne na kioo cha runinga kinakuwa cheusi, kisha ngoma inarudi. Mjomba alisema kito kimo humo.

"Hakiwezi kuwamo," nikamwambia. "Sheria ya mchezo huu ni mdundo. Pasipo na mdundo hapana pa kurukia. Ni suala la mantiki, mjomba."

"Umewahi kumtazama kinyozi anayejua kazi yake? Mkasi haunyamazi. Ukitoka sikioni kwenda kisogoni bado unalia hewani, wala haukati kitu. Unafikiri tunawatumbuiza? Mkono unashika mwendo. Ukiusimamisha, ukirudi kwenye nywele umeshapotea."

"Huo ni mkasi. Hii ni programu ya kompyuta."

"Haya, programu. Wewe kaa na mantiki yako, mimi nahesabu. Moja, mbili, naruka ya tatu."

Akahesabu kwa mkono wa kushoto akigonga paja, akabonyeza kwa wa kulia, na kila mara kidole kilifika pigo la nne. Siku moja alimwambia mama mbele yangu, "Siku nitakayokiokota kile kito kwa kidole hiki, nafungua tena duka langu la kunyolea." Mama akamjibu, "Wewe na chura wako mtanizeesha," lakini nilimwona akigeuka kujifuta macho.

Sasa nifike kwenye kosa langu. Alhamisi moja alasiri mjomba aliruka kwenye ule ukimya na papo hapo umeme ukakatika, akaniuliza, "Niliwahi au sikuwahi?" nami nikamjibu kwamba haina maana kujadili jambo lisiloweza kuthibitishwa. Kesho yake asubuhi alipokwenda kliniki, niliketi kwenye kiti chake nikiwa na nia moja tu, kuthibitisha kwamba hakuna kitu pale, na kwa uvivu sikufungua mchezo kwa jina langu bali niliendelea na wa kwake, uliojifungua wenyewe nilipowasha. Jaribio la kumi na mbili niliruka pigo la tatu, lile lisilosikika, na gizani nikasikia mlio mdogo wa kito kikiokotwa. Mchezo ule huhifadhi kila kitu wenyewe, haufuti, na vito vitatu vikawaka kando ya jina la mjomba.

Aliporudi akaviona. Aliokota pedi ya kuchezea, akasema taratibu, "Kumbe niliwahi." Nilifungua mdomo. Mama akaja kutoka jikoni, mjomba akamwonyesha, wakakumbatiana, nami nikaufunga.

Tangu hapo ameunoa wembe wake, amefua vitambaa vya dukani, na amewaambia wateja wake wa zamani kwamba anafungua mwisho wa mwezi. Wa kwanza kualikwa ni mwalimu mstaafu ambaye kwa miaka ishirini hanyolewi ndevu ila kwa wembe, tena na mjomba peke yake. Nilipopendekeza aanze na mimi, alicheka: "Wewe wa mwisho. Kichwa chako kina maneno mengi, kitanichosha." Na miadi ya kliniki ya wiki ijayo amesema hataenda, kwa kuwa mkono umepona.

Nimelipima jambo hili kwa pande zote. Inawezekana kweli kwamba imani yake hiyo ndiyo itakayoutibu mkono, kwa maana mwili husikiliza akili. Inawezekana pia kwamba kusema ukweli sasa, baada ya mama kufurahi na mtaa mzima kuarifiwa, ni ukatili unaojificha nyuma ya uadilifu. Na tena mtu anaweza kuhoji kama aliyegundua mahali kito kilipo si ndiye aliyekipata, hata kama kidole kilikuwa cha mwingine. Lakini jana alipokuwa anamimina chai niliuona mkono ule ukitetemeka hadi chai ikamwagika sahanini, na hoja zangu zote zikanyamaza. Je, nimwambie, au niache mambo yaende?

Msomi

JIBU

Mwanangu Msomi,

Barua yako nimeisoma mara mbili, na mara ya pili nilisoma pale kwenye chai tu. Hapo ndipo ulipoandika kama mtu mwenye macho. Kwingine kote ulikuwa unatafuta mlango wa kutokea.

Pole, kwanza. Najua kisa hakikuanza kwa ubaya, na kumkatisha mtu furaha mbele ya dada yake si kazi ndogo. Ila tusidanganyane. Unaniuliza kama useme au uache wakati kuna wembe ulionolewa na shingo ya mzee wa watu iliyokwisha kualikwa. Hilo halina pande nyingi za kupimwa. Kujiamini hakushiki wembe, mkono ndio unaoushika, na mkono umeuona mwenyewe. Siku mwalimu huyo akichanika, hutakuwa na hoja ya kumfunga nayo jeraha. Na mjomba wako hatashika tena mkasi maisha yake yote, si kwa sababu ya kiharusi bali kwa aibu. Hicho ndicho unachokichezea.

Halafu kuna jambo umelipita mbio, nami sikuachii. Ulikaa kwenye kiti cha mgonjwa ili umshinde. Hukwenda kumsaidia kutafuta kito, ulikwenda kuonyesha kwamba hakipo. Mtu aliyekaa miaka thelathini akisikia mwendo mahali ambapo wewe unasikia kimya alikuambia jambo la kweli, ukamjibu kwa mantiki, na ulipokikuta kito palepale alipokwambia, ukanyamaza. Siamini ulinyamaza kwa sababu ya machozi ya mama peke yake. Ulinyamaza pia kwa sababu kusema "nimekiokota" kungekulazimu kusema "ulikuwa sahihi." Jiulize ni lipi kati ya hayo mawili lilikukaba.

Basi sikiliza. Mwambie leo, usingoje mwisho wa mwezi. Mchana, mkiwa wawili, runinga imezimwa. Usimtume mama, wala usimwandikie barua, maana najua utaandika kurasa sita. Akikasirika, kaa hapohapo ukasirikiwe. Akikufukuza sebuleni, toka, kisha urudi jioni.

Kliniki ya wiki ijayo mpeleke wewe mwenyewe. Chura ni mazoezi, hawezi kuwa daktari, na hata kama mjomba angekiokota kito hicho mara mia, mwenye kusema mkono uko tayari kwa wembe ni yule mtaalamu. Muulizeni kuhusu mashine ya umeme ya kunyolea na kuhusu mkasi. Kwa mwalimu, mjomba mwenyewe aende akamwombe asubiri. Mteja wa miaka ishirini atasubiri. Ndevu hazina haraka.

Mchezo aanze upya kwa jina jipya, vito vyote vikiwa vimezimwa. Wewe usikae karibu kumfundisha.

Unaogopa kwamba unakwenda kumnyang'anya. Ni kweli, kuna kitu utamnyang'anya, na kitamuuma. Lakini kuna kingine anachokudai, na hakuna mtu mwingine nyumbani kwenu anayeweza kumpa. Kianze hicho. Mwambie hivi: "Mjomba, kito kipo palepale uliposema. Nilikiokota mimi, ulipokuwa kliniki. Mkono wako bado."

Ni sentensi tatu. Ya nne ni yake, nawe uisikilize bila kuijibu.