Chupa Iliyoota: Kumbukumbu za Kikao cha Saba cha Kamati ya Wakulima wa Ngano

Kikao kilifanyika Jumamosi, tarehe 9 mwezi wa tatu, ndani ya ghala la chama, kando ya mizani, kuanzia saa 4:10 asubuhi.

WALIOHUDHURIA
Mwenyekiti
Katibu
Bibi Mpuraji (mjumbe mkubwa kwa umri, alipura ngano kwa fimbo kabla mashine hazijaja)
Msagishaji (mwenye mashine ya unga)
Dalali Mstaafu (alinunua nafaka yetu miaka mingi, sasa ni mkulima mwenzetu)

WASIOHUDHURIA
Mweka Hazina: mjukuu wake ana homa. Alitoa taarifa.
Bwana Kesho: hakutoa taarifa, kama kawaida yake.

KUMB. NA. 1/7: KUFUNGUA KIKAO
Mwenyekiti alifungua kikao akiwa amesimama, akasema siku kama ya leo kiti kinachoma. Aliwaomba wajumbe wasifunue zile sahani tano zilizofunikwa kwa vitambaa mpaka wakati wake ufike. Bibi Mpuraji alikuwa ameshafunua moja. Alisema alikuwa anafukuza nzi.

KUMB. NA. 2/7: KUTHIBITISHA KUMBUKUMBU ZA KIKAO CHA SITA
Msagishaji aliomba neno "takataka" liondolewe pale alipozitaja chupa za marehemu mpima mizani. Alisema hakuwa na nia mbaya. Katibu, ambaye ni mjane wa marehemu, alisema neno lilitamkwa na lilisikika, lakini yeye hana neno. Kumbukumbu zilithibitishwa kama zilivyo.

KUMB. NA. 3/7: YATOKANAYO: KUACHA AU KUTOACHA NGANO
Mwenyekiti alikumbusha kwamba ugonjwa wa kutu umekula ngano fupi tunayolima sasa misimu miwili mfululizo. Kikao kilichopita kilipendekeza chama kihamie kwenye alizeti, labda tu ipatikane mbegu ya zamani iliyokuwa ikiitwa Ndevu Nyeusi, ambayo kutu haikuiweza.

Msagishaji alieleza kwamba ngano ya meli, ya kutoka nje, imejaa sokoni na yeye siku hizi anasaga mahindi zaidi. "Nyie mnalilia ngano kama mchumba wa zamani," alisema. "Mwenzenu kashaolewa." Bibi Mpuraji alimjibu kwamba yeye mashine yake ya kwanza aliinunua kwa fedha za huyohuyo mchumba, basi amheshimu.

KUMB. NA. 4/7: TAARIFA YA CHUPA
Katibu alieleza kwamba kila msimu, dalali alipochoma gunia kwa bambo kuchukua sampuli, marehemu alikuwa akibakiza kiganja kimoja na kukitia kwenye chupa, ili ukizuka ubishi kuwe na ushahidi. Alichanganya punje na jivu kuzuia fukusi na kuziba mdomo wa chupa kwa nta ya mshumaa. Nyumbani mishumaa ilikuwa haikai. Wageni walidhani inaishia kwenye ibada.

Chupa ziko ishirini na sita. Tano nta yake haikupasuka. Katibu na Bibi Mpuraji walichukua punje thelathini kutoka kila moja, wakazilaza kwenye vitambaa vyenye maji kwa siku nane.

Sahani zilifunuliwa. Nne zilikuwa zimeoza. Ya tano ilikuwa na miche tisa, mirefu kama kidole, kijani kibichi.

Kikao kilisimama kwa muda kwa sababu ya vigelegele. Mwenyekiti alijaribu kurudisha utaratibu, kisha naye akapiga.

KUMB. NA. 5/7: JE, NI NDEVU NYEUSI?
Msagishaji alitoa hoja kwamba kuota si hoja. Ikiwa ni ngano fupi, basi tumeotesha ugonjwa. Hoja ilionekana nzito. Bibi Mpuraji alikiri kwamba ngano hizi mbili zikiwa changa hazitofautiani, na punje zenyewe zimesinyaa kwa uzee, "kama mimi."

Ilibainika kwamba marehemu hakuandika mwaka wala aina kwenye chupa hata moja. Aliandika ugomvi wa siku hiyo, akiamini ugomvi hausahauliki. Chupa iliyoota imeandikwa: "Dalali kauma punje, jino limevunjika."

Wajumbe wote walimgeukia Dalali Mstaafu.

Ilikubaliwa kwamba ngano fupi ililetwa mwaka barabara ilipotiwa lami, na kabla ya hapo ilikuwa Ndevu Nyeusi tupu. Swali likawa jino lilivunjika kabla ya lami au baada. Dalali Mstaafu alieleza kwamba jino lake lilitoka alipoteleza kutoka kwenye lori, juu ya lami, na kwamba marehemu alipenda utani.

Msagishaji alisema basi mambo yamekwisha, alizeti iandikwe. Katibu aliinua kalamu.

Bibi Mpuraji alimwambia Dalali Mstaafu: "Mwanangu, mimi nilikuwepo na ungo wangu. Sitasema. Sema mwenyewe."

Dalali Mstaafu alisogea hadi kwenye mizani na kuigusa. Kisha alisema, na Katibu aliombwa ayaandike kama yalivyotoka: "Lilivunjikia hapa, kwenye mizani hii, siku ya mwisho niliyonunua Ndevu Nyeusi. Mwaka mmoja kabla ya lami. Niliuma punje mbele ya watu ili niseme ngano yenu ni mbichi, niwapunguzie bei. Mpima mizani akaniambia, 'Bwana, ngano mbichi haivunji jino.' Watu wakacheka. Nilimnunia miaka kumi na minane, na mazishini kwake nilisimama nyuma."

Mwenyekiti alimuuliza Katibu kama ana la kusema. Katibu alisema marehemu hakuwa na kinyongo. Siku ile alirudi nyumbani akicheka hadi akashindwa kula, na mara ya mwisho alipolitaja alisema tu, "Yule bwana anajua ngano kweli, ni mdomo wake unaomponza."

Dalali Mstaafu aliomba radhi kwa wakulima wote na kwa Katibu, akimwita shemeji. Radhi ilipokewa.

KUMB. NA. 6/7: MAAMUZI
Msagishaji alitahadharisha kwamba miche tisa haijazi hata kikombe, na hadi ipatikane mbegu ya kutosha shamba moja itapita misimu minne. Wajumbe walikubali kwamba ni kweli. Ilipendekezwa kila mjumbe apewe mche wake. Bibi Mpuraji alikataa, akasema vitu tisa vikigawanywa kwa watu wazembe vinakuwa sifuri.

Kwa kura nne dhidi ya moja iliamuliwa kwamba chama kisiache ngano. Alizeti ilimwe msimu huu ili watu wale, na miche yote tisa ipandwe pamoja nyuma ya ghala. Msagishaji, aliyepiga ile kura moja, alijitolea wavu wa kuzuia ndege. Alisema kupinga ni kupinga, na ndege ni ndege.

Dalali Mstaafu aliomba zamu ya kwanza ya kulinda. Alipewa.

KUMB. NA. 7/7: KUFUNGA
Hoja nyingine hazikusikilizwa kwa kuwa wajumbe walikuwa wameshatoka. Miche ilipandwa, Dalali Mstaafu akichimba na Katibu akishika kila mche mpaka udongo ukae. Yote tisa ilisimama. Mwenyekiti alifunga kikao saa 6:35 mchana akiwa amepiga magoti. Alama za udongo kwenye ukurasa huu ni za wajumbe, na zihesabiwe kuwa mahudhurio.

Mwenyekiti: ................ Tarehe: ..........

Katibu: ................ Tarehe: ..........