Picha Nyuma ya Kochi

Jumatatu, 3 Machi
Nyumba ya kurekodia filamu imepatikana! Nimezunguka mpaka visigino vimepasuka, lakini imepatikana. Kuta za kijani kilichofifia, dirisha kubwa linalopokea jua la asubuhi, kochi lililobonyea katikati. Kama aliyeandika filamu aliwahi kuishi humo. Mwenye nyumba ni mshonaji, kanizidi umri kidogo, mcheshi. Kasema chukueni wiki nzima, yeye atahamia chumba cha nyuma na cherehani yake, ila tukimvunjia sahani atatushona midomo. Nimempenda bure. Mwongozaji kafurahi – filamu yetu haina mbele wala nyuma, na nyumba kama hii si ya kuachia.

Jumanne, 4 Machi
Kazi yangu huanza kwa kushusha picha za wenye nyumba. Lazima ionekane wanaoishi humo ni watu wa filamu, si wao. Nimeshusha familia za watu miaka yote hii, wala huwa sizitazami. Leo nikaifuta moja vumbi. Bibi harusi. Mdogo mno. Ule mwanya. Shingo imeinama kidogo, kama anayesikiliza mtu aliyeko jikoni.
Mama! Mama yangu mimi!
Na mwanamume aliye kando yake si baba.
Nikauliza, huyu ni nani?
"Mama yangu huyo, mpenzi," akasema mwenye nyumba. "Alifariki hata kutembea sijajua. Sina picha nyingine."
Alifariki! Asubuhi hii kanipigia simu kulalamikia goti!
Seremala wetu kaniuliza mbona umepauka hivyo. Nikamwambia vumbi.

Jumatano, 5 Machi
Mwongozaji kaikuta ile picha imeegemea ukuta. Kasema irudi palepale ukutani, nyuma ya kochi, ina uso, hatutaweza kutengeneza nyingine kama ile. Nikabisha mpaka nikaonekana mwehu. Akaniuliza, tangu lini unagombana na ukuta, dada? Nimeitundika mwenyewe. Nyundo ikala kidole.
Mama yumo kwenye filamu yangu. Marehemu.

Alhamisi, 6 Machi
Nimekwenda kwa mama. Baba alikuwa kwa kinyozi, afadhali. Nikamwonyesha ile picha, nimeipiga kwa simu. Nilidhani atakana. Akakaa sakafuni – yeye na goti lake!
"Umeitoa wapi?"
"Kwa binti yako."
"Yu hai?"
"Yu hai. Anashona."
Kasimulia vipande vipande. Aliozwa mdogo. Kipigo. Alfajiri moja akatoka, mtoto amelala, akijua atarudi na kaka zake kumchukua. Waliporudi geti lilifungwa usoni pao. Waliporudi tena, watu walishahama. Baba je, anajua? Hajui. Maisha yote haya!
Nikamwambia kule walisema amekufa.
"Kumbe nilishazikwa." Akacheka. Wallahi alicheka! "Sasa nani alilia?"
Nikamwinua, nikampa maji, na alipouliza nyumba iko wapi nikamtajia.

Ijumaa, 7 Machi
Kaja. Bila kuniambia!
Siku ya kwanza ya kurekodi. Kamera inakwenda, chumba kizima kimeshika pumzi, mlango ukasukumwa taratibu. Mama, na viatu vyake vya kutokea. Mlinzi kamruhusu – mama wa mtu hazuiliwi. Mwenye nyumba alikuwa nyuma ya taa akiwatazama waigizaji. Akageuka. Akamtazama. Akatazama ukutani. Akamtazama tena.
Na hakuna ruhusa ya kusema neno! Wakabaki hivyo, macho kwa macho, mpaka mwongozaji akasema kata.
Mwenye nyumba hakupiga kelele. Alimshika mama kiwiko, kama unavyomshika mgonjwa, wakaingia chumba cha nyuma. Mlango ukafungwa.
Naandika nimekalia ndoo ya rangi. Cherehani imelia – anashona?! – imenyamaza. Sauti ya mama, ndefu, maneno siyapati. Mwongozaji anauliza tuendelee? Seremala kamwambia tulia kwanza, kaka.
Mlango umefunguka. Mwenye nyumba, macho mekundu, futi ya kupimia shingoni. Anawapita wote, anasimama mbele yangu.
"Eti," anauliza polepole, "kwenu mmezaliwa wangapi?"
Swali ninalolijibu tangu shule, bila kufikiri. Nimefungua mdomo, na kwa mara ya kwanza naanza kuhesabu kutoka kwake.