Jiko Lako Limejengwa kwa Mbao

Nyumbani kwa Kasuku,
Ghorofa ya tatu,
Jumapili, tarehe 11 Mei.

Mpendwa dada yangu,

Salamu nyingi, na pole kwa goti. Dawa unainywa, au unaificha chini ya mto kama kawaida yako? Mimi ni mzima, ila ngazi za hapa zitaniua.

Najua hukutaka nije kwa bintiyo. Huu mwaka wa sita hujamtamkia neno, tangu aache kazi ya duka la dawa ukasema hukumsomesha ili aandike porojo. Usiichane barua kwanza. Nina jambo la kukusimulia na ulimi unaniwasha.

Dada, mtoto anafanya kazi! Anaandika jikoni, akisoma kila mstari kwa sauti za watu wote. Akiwa mzee anakohoa. Akiwa mlevi anayumba hadi ashike friji. Siku ya kwanza nilidhani ana wageni, nikapika chai ya watu watano. Alianza kwa kubeba madaftari ya wenzake, akaandika vipindi vinne vya televisheni bila jina lake kutajwa. Leo ni mwandishi na mtayarishaji wa filamu yake mwenyewe, na watu wazima wanamngoja yeye aseme. Yule yule tuliyemwita Kasuku kwa kurudia maneno yetu mbele ya wageni!

Alhamisi alinipeleka studio. Ni ghala tu, nyaya zimetapakaa sakafuni. Mara taa zikawaka, nikaliona jiko lako. Naapa! Kigoda chenye mguu uliofungwa waya, dirisha lililozibwa kitambaa cha bluu, hata lile doa la moshi. Vyote mbao na rangi. Nililigusa doa kwa kidole, nikakitazama kama kimechafuka.

Wakaanza kupiga picha. Mwigizaji anayekuwa mama akaiacha sufuria wazi, na wewe ulivyotukaripia kwa hilo maisha yetu yote, miguu ikanipeleka yenyewe. Nikaingia, nikafunika. Mwongozaji akapiga kelele, "Simamisha! Huyu mama katokea wapi?" Nilitamani ardhi inimeze. Kasuku alicheka hadi machozi, kisha akamwambia, "Mama angefanya hivyohivyo. Rudieni, sufuria ifunikwe." Basi kosa langu limo kwenye filamu.

Hadithi yenyewe ni yenu wawili. Ukutani kwake kuna kadi tisini na mbili, kila tukio na kadi yake. Kwenye ya mwisho, binti anagonga mlango, mama anafungua. Chini yake hakuna kitu. Nikamuuliza mbona haimalizi, na wanaipiga picha baada ya wiki tatu. Akajibu taratibu, "Mama mdogo, naweza kumuiga kila mtu. Hapo tu mama simsikii."

Niliogopa, dada. Sikujua kwamba watu arobaini wa studio ile wanaweza kusimama wakisubiri neno lako moja.

Nisalimie shemeji, yule mjukuu wako mkorofi, na jirani fundi cherehani. Mungu akulainishie goti, na moyo pia.

Kadi ile nimeibandua bila ruhusa. Imo humu kwenye bahasha. Kalamu unayo.

Ni mimi mdogo wako, nikupendaye hata ukininunia.