Papa Harlan, Aliyetufundisha Kuanguka

Harlan Pickett, mchezaji na kocha wa mpira wa kikapu
Indiana 1951 – Brussels 1997

Mwaka mmoja umetimia, Papa Harlan, tangu Jumamosi ile ulipoanguka kwenye sakafu ya ukumbi na usiinuke tena. Nyumba yetu ya Saint-Gilles, hapa Brussels, bado ina milango mifupi kuliko wewe. Juu ya mlango wa jikoni bado kuna kile kipande cha blanketi ulichokipigilia misumari ili usijigonge kichwa. Hakuna anayekihitaji sasa, na hakuna aliyethubutu kukitoa.

Wengi waliokuamkia sokoni hawakujua ulikotoka, maana hukupenda kujisifu. Ulizaliwa Indiana, Marekani, mahali ambapo, kwa maneno yako, hata zizi la ng'ombe lina kikapu cha mpira ukutani. Ulicheza chuoni, kisha timu moja ya ligi kuu ikakuchagua katika raundi za mwisho kabisa, zile ambazo majina yalisomwa wakati watu wameshaanza kuvaa makoti waende kwao. Ligi kuu ulidumu sehemu ya msimu mmoja tu. Baadaye ilikuwa Ufaransa, halafu Ubelgiji, klabu ndogo baada ya klabu ndogo, kumbi zenye baridi na mabasi yenye harufu ya dawa ya misuli, hadi goti lako la kulia likakataa kazi.

Hukuwa mwepesi, na hukuruka juu. "Muntu mwenye hajue kuruka," ulituambia kwa Kiswahili chako cha Saint-Gilles, "ajue kuanguka." Kuanguka ndiko kulikokulisha miaka yote ile. Mshambuliaji akija mbio kuelekea kikapu, wewe ulisimama njiani, miguu imetulia, mikono imefungwa kifuani, ukapokea uzito wake wote na kwenda chini chali. Mwamuzi akipuliza filimbi, kosa ni la aliyekugonga na mpira ni wenu. Hapa wanaita passage en force. Magazeti hayaandiki habari za mtu anayefanya kazi hiyo. Mgongo wake ndio unaoziandika.

Ulitueleza mara moja tu jinsi ulivyoondolewa ligi kuu. Kocha mkuu hakuja mwenyewe. Alimtuma msaidizi abishe mlango wa chumba chako hotelini asubuhi, akasema: lete daftari la mbinu, panda gari, ndege inakungoja. Hata mkono hukupewa. Kwa hiyo ulipokuwa kocha wa vijana wa mtaa wetu hukumtuma mtu kamwe. Ukimwacha kijana nje ya timu, ulikwenda kwao, ukainama mlangoni, ukaketi na wazazi wake na kuwaambia uso kwa uso.

Maman Hidaya, jirani aliyetoka Bujumbura, bado anasimulia siku ulipokwenda kumwambia kwamba mwanawe Amissi hatacheza msimu ule.

"Unanitolea mutoto kwenye équipe," alikuuliza, "na bado unaniomba sukari ya chai?"

"Maman, habari mubaya haishuke bila sukari."

"Alors kunywa haraka, utoke."

Hukutoka. Ulikaa mpaka Amissi aliporudi kutoka shule, ukamwambia yeye pia, ukampangia mazoezi ya peke yake. Msimu uliofuata alikuwa ndani ya timu. Maman Hidaya ndiye aliyepika pilau ya matanga yako, sufuria baada ya sufuria, akilia na kutukana moshi.

Mimi nilikuwa mtoto wa shule ya msingi ulipokuja kumposa mama yangu, Maman Cécile. Naukumbuka ukoo wetu wote wa Kivu umebanana sebuleni, na wewe umekaa kwenye kiti kidogo, magoti yamefika masikioni. Tonton Sylvestre, kaka yake Maman, ndiye aliyesimama kwa niaba ya ukoo. Alikuzunguka kama mtu anayekagua nyumba ya kupanga.

"Shemeji, uko murefu kama nguzo ya courant. Mais mbuzi iko wapi?"

Ukajibu kwa maneno uliyokuwa umeyakariri wiki nzima: "Mbuzi iko nyuma. Imechoka kunifuata."

Watu walicheka mpaka majirani wa juu wakagonga sakafu. Tangu siku hiyo wewe na Tonton Sylvestre hamkuachana. Yeye alisukuma vitanda vya wagonjwa katika hospitali huko Jette, na kila Jumamosi alikuja ukumbini kuwa msaidizi wako, ingawa sheria za mchezo hakuzijua vizuri hadi mwisho. Ulimwita "kocha wa kelele". Yeye alikuita "ule muzee wa chini", kwa kuwa hukumaliza zoezi moja bila kulala sakafuni.

Na ulikuwa na amri moja kuliko zote. Mwenzenu akianguka, wanne waliobaki wakimbie kumwinua. Siyo kutembea. Hata kama mnafungwa, hata kama mmegombana naye asubuhi. "Kuanguka ni kazi ya mumoja," ulisema. "Kuinuka ni kazi ya wote."

Papa, sasa lazima niandike sehemu hii, maana tangazo hili la kumbukumbu lisipoisema litakuwa uongo.

Wote tunajua ulivyopenda mzaha. Ulikuwa ukianguka katika mazoezi unafumba macho na kujifanya umekufa, na kijana akiinama kukutazama unamkamata kifundo cha mguu, naye anapiga yowe. Uliufanya mchezo huo miaka mingi, tena mbele ya Tonton Sylvestre kuliko mtu mwingine yeyote. Jumamosi ile Amissi alikuja na mpira, wewe ukasimama njiani kuwaonyesha wenzake, akakugonga, ukaanguka chali kama kawaida. Vijana wakaanza kukimbia kukuinua. Tonton Sylvestre ndiye aliyewazuia, huku anacheka.

"Mumuache! Anaiba faulo! Harlan, acha cinéma, mwamuzi ameenda kunywa kahawa!"

Wakasimama. Wakacheka naye. Wengine wakakupigia makofi. Ukumbi mzima ulikuwa unacheka, Papa, na wewe ulikuwa umeshaanza kuondoka. Amissi ndiye aliyepiga magoti na kusema, "Coach hapumui." Hapo Tonton akafika. Mikono yake ilijua la kufanya, kwa kuwa hospitali ilikuwa imemfundisha. Alikukandamiza kifua bila kupumzika, mpaka wauguzi wa gari la wagonjwa walipomshika mabega na kumwondoa kwa nguvu.

Moyo wako ulikuwa umetanuka kupita kiasi, na labda ulikuwa hivyo tangu ujana, kwenye kumbi zote zile zenye baridi. Hakuna klabu iliyowahi kuupima. Katika korido Tonton alimuuliza daktari kama dakika zile zilizopotea kwa kicheko zingekuokoa. Daktari angeweza kusema hapana. Alikuwa mtu mkweli, akasema, "Peut-être," yaani pengine.

Neno hilo Tonton amelibeba mwaka mzima. Alilibeba jeneza lako upande wa mbele, kisha hakuingia tena nyumbani kwetu. Ameomba zamu za usiku na sikukuu zote. Ukumbini hafiki. Koko Kasoki, bibi yangu, mama yao Tonton na Maman, humpelekea sombe, yaani kisamvu, kwa mkono wa jirani. Sufuria hurudi imeoshwa, bila ujumbe. Maman alikwenda kwake Jette akagonga mlango. Alimsikia akipumua upande wa pili, akaongea na ubao ule mpaka sauti ikakauka, akimwita Yaya, yaani kaka mkubwa: "Yaya, si weye ulimuua. Yaya, fungula." Mlango haukufunguliwa.

Unajua desturi ya ukoo wetu, kwa sababu uliniuliza siku babu alipofariki. Mwaka ukiisha tunaondoa matanga, na mjane havui nguo nyeusi kwa mkono wake mwenyewe. Kaka yake, yule aliyepokea posa, ndiye anayemfunika kitenge kipya mbele ya watu, amrudishe upande wa walio hai. Kitenge tunacho. Cha njano, rangi ya jezi yako ya kwanza ya Ubelgiji. Wajomba wengine wamejitolea. Maman amekataa. Amesema kama Sylvestre haji, atakaa na nyeusi yake mpaka azikwe nayo. Na mimi namjua Maman. Hasemi ili atishe.

Kwa hiyo Jumapili iliyopita tulikaa mezani, kiti chako kirefu kikiwa wazi, tukajadiliana. Nilipendekeza twende Jette sote pamoja. Mwaka huu nimemaliza masomo ya kazi za jamii, Papa, wewe ndiye uliyenilazimisha nisiache, na ninaamini bado kwamba hakuna mlango usiofunguka mtu akiitwa vizuri. Maman aliinamisha kichwa. Kumjulia hali kaka si kosa, lakini kwa jambo la kitenge desturi hairuhusu. Mjane wa matanga anangoja nyumbani, anafuatwa, hamfuati mtu.

Tulimtazama Koko Kasoki. Yeye ndiye mlinzi wa desturi zote za nyumba hii. Pia ndiye aliyekaa kwenye benchi la timu yako kila Jumamosi na sindano zake za kufuma, akiwatukana waamuzi kwa Kinande bila kujua kosa ni lipi. Aliikunja sweta aliyokuwa akiifuma.

"Desturi iko ya muntu mwenye anasimama," alisema. "Huyu mutoto wangu ameanguka. Harlan alisema nini juu ya mwenye kuanguka?"

Josias, mwanao, ambaye mwaka huu amerefuka mpaka amelifikia lile blanketi la mlangoni, alijibu taratibu: "Wanne wakimbie."

"Bon. Hapa tuko ngapi?"

Maman alikuwa ameshaanza kulia.

"Alors munifungie viatu," Koko akasema.

Haikuwa siku ya kwenda, kwa kuwa Tonton alikuwa kazini. Lakini Jumamosi hii asubuhi, kabla ya misa na kabla ya watu kukusanyika, sisi wanne tutashuka kwenye tramu pale Jette na kusimama mbele ya mlango wake na kitenge cha njano. Sijui kama atafungua. Nasali afungue. Asipofungua tutakaa kwenye ngazi, na matanga yako tutayaondolea pale pale, yeye upande wake wa mlango na sisi upande wetu, maana Maman amesema mkono wa Yaya unaweza kupita hata kwenye uwazi mdogo.

Wewe unayeweza kumfikia usingizini, mwambie hivi. Kicheko kile hakikuwa cha ubaya. Ulicheka naye miaka mingi, naye alikuamini utainuka, kama ulivyoinuka siku zote. Mwambie "pengine" ya daktari tutaigawana, kila mmoja abebe kipande. Na mwambie asilale hapo chini peke yake, kwa kuwa si hivyo ulivyotufundisha.

Misa itasomwa Jumamosi saa tano katika parokia yetu ya Saint-Gilles. Wachezaji wako watakuja na jezi.

Wanaokukumbuka: mkeo Cécile, mama mkwe wako Koko Kasoki, mwanao Josias, binti uliyemlea, Jémima, aliyeandika haya, na shemeji yako Sylvestre, wa tano wetu, ambaye jina lake tumeliandika bila kumwomba ruhusa.

Tutakukumbuka daima, Papa Harlan. Tunakuja mbio.