Shikamoo Tatu za Masakta

Emanueli, huyu binti yako Resti ulimlea wewe au alilelewa na mbuzi? Mimi mzima, ila Masakta ni vumbi tupu. Kwenye hii filamu yake ndiye mpiga picha, ndiye mwongozaji, ndiye kila kitu, na mimi kanishikisha maiki. Alimwamkia mzee mfugaji anayemrekodi, mzee akaitikia vizuri. Eti, "Babu, turudie, jua limeingia kwenye kamera." Wakarudia. Ya tatu mzee akasimama: "Binti, marahaba zangu mbili umezitupa wapi?" Akaondoka zake. Bila yeye hakuna filamu, na Resti analia tu.

Nawapenda, mle mshibe. Kesho panda basi, lete asali, umwombe mzee radhi. Na umwamkie mara moja tu!

Mama yako